Pedali Nisiyoipampu

Kwenye msiba wa Mama Mwanaidi walinikalisha mbele, pamoja na wanaume wa ukoo. Mimi ni Mkristo, Mmatengo wa Mbinga, na pale Ilala wengi hawakunijua, lakini bintiye Mwanaidi aliwaambia wajomba zake mmoja mmoja, “Huyu ndiye Kaka Deo, yule aliyembeba mama siku ile,” na kila aliyeambiwa alinishika mkono kwa mikono miwili. Nilikaa kwenye mkeka nikiwa nimevaa kofia ya kuazima, naangalia vidole vyangu. Muda mfupi kabla ya kuelekea makaburini aliingia mwanamume mwembamba, ndevu nyeupe, amebeba mfuko wa korosho uliofungwa kwa kamba ya katani. Alisimama mlangoni, hakuvuka kizingiti. Mwanaidi akamwendea, akamwamkia, naye akajibu marahaba, kisha akasema kwa sauti ambayo sote wa mstari wa mbele tuliisikia: “Mimi naitwa Shaibu. Ndiye niliyemvunja mama yako mguu. Nimekuja kumzika, kama mtaniruhusu.” Mwanaidi alimtazama, halafu akageuka kunitazama mimi. “Kaka Deo,” aliuliza, “huyu ndiye yule?” Nina miaka hamsini na mitatu. Nina gereji yangu na mafundi sita, nina wajukuu wawili. Nilikuwa na nafasi ya kusema neno lolote nililotaka. Nikasema, “Ndiye.”

Mwaka ninaotaka kuusimulia ni ule niliofikisha ishirini na mbili, nilipokuwa fundi mdogo kwenye gereji ya Mzee Nangoma, nyuma ya maduka ya spea ya mtaa wa Gerezani. Shaibu alitangulia kufika pale kwa miezi saba. Alikuwa mtu wa Newala, mrefu, mpole, mwenye tabia ya kuongea na gari wakati anafungua boliti: “Njoo baba, njoo, usinikasirikie.” Nilipokosa pa kulala alinichukua kwenye chumba chake Mchikichini, nyumba ya vyumba sita yenye uani mmoja na bomba lililotoa maji alfajiri tu. Chumba kilikuwa na kitanda kimoja cha futi nne, ndoo mbili, jiko la mafuta ya taa, na kamba ya kuanikia iliyopita juu ya vichwa vyetu. Ukuta wa upande wa kitanda ulikuwa wa mbao. Upande wa pili aliishi mama mmoja aliyepiga pasi makoti ya mitumba kabla hayajapelekwa sokoni, na kila jioni tulisikia pasi yake ya mkaa ikigonga meza, na yeye akimsimulia dada yake habari za wateja waliopekua mifuko ya makoti wakitafuta vitu walivyosahau Wazungu. Tulicheka bila sauti asije akatusikia. Shaibu alipika ugali wa muhogo kwa unga alioletewa na basi kutoka kwao, ugali wa rangi ya jivu ulionishinda mwanzoni. “Kula taratibu,” aliniambia. “Usiulinganishe na wa kwenu. Ule kama wenyewe.” Baada ya mwezi nikawa nauomba.

Mchana tulikula kwa Mama Mwanaidi. Banda lake lilikuwa kwenye mdomo wa gereji, upande wa kushoto unapotoka, mahali ardhi inapoinama kidogo kuelekea barabarani: nguzo nne, bati tatu, benchi mbili, na sufuria kubwa la maharage ya nazi lililokaa motoni tangu asubuhi. Alikuwa mwanamke wa miaka kama thelathini na tano, mjane, na Mwanaidi alikuwa bado mtoto wa darasa la pili aliyekuja na sare yake kula kisha akarudi shule. Mama huyu hakuwa mtu wa kubembeleza mteja. Ukimwambia maharage hayajaiva alikujibu, “Basi kayapike wewe.” Lakini alijua nani hakula asubuhi. Mara nyingi nilikuta sahani yangu imejaa kuliko nilivyoagiza, na nikitaka kusema kitu alinigeuzia mgongo. Pale bandani ndipo nilipojifunza mji. Maajenti wa bandarini walikaa kwenye benchi moja wakilalamikia makontena, wabeba mizigo wakabishana kuhusu mpira, na mafundi wakasimulia magari kama watu wanavyosimulia wagonjwa.

Mzee Nangoma alikuwa na sheria chache na hakuzirudia. Moja ilikuwa hii: aliyefungua breki ndiye anayezifunga. Injini mnaweza kusaidiana, alisema, injini ikikosewa gari halitembei, lakini breki ikikosewa gari linatembea.

Mimi ndiye niliyetumwa kununua pedi za breki. Nilikuwa na jicho, alisema mzee, na kwa kijana asiye na kitu kingine cha kujivunia, neno hilo lilinilevya. Duka letu lilikuwa la Mzee Nassor, mmoja wa wale Waarabu waliozaliwa Kariakoo na kuzungumza Kiswahili kitamu kuliko chetu, mtu mnene aliyekaa nyuma ya kaunta akiwa na kikombe cha kahawa chungu na feni ndogo iliyompepea shingo tu. Ukiingia ukauliza bei alikukatiza. “Usiniulize bei. Niambie gari gani, la mwaka gani, na linabeba nini.” Alinifundisha kuja na pedi kuukuu mkononi, kuilaza juu ya mpya na kupitisha kidole ukingoni kuona kama bamba la chuma linalingana, kwa sababu pedi iliyozidi hata kidogo itagoma kwenye kishikio chake na kuunguza diski. Alinionyesha namna ya kukwaruza kwa ukucha: ile inayotoa unga mwingi mweusi irudishe sandukuni, ile isiyokwaruzika kabisa nayo irudishe. “Pedi ngumu itakula diski ya mteja,” alisema, “pedi laini itamla mteja.” Alinionyesha kile kibati chembamba kinachopiga kelele pedi ikiisha, na namna ya kuzinusa, maana zile za ovyo zilinukia gundi. Nilijua haya yote kufikia katikati ya mwaka. Nikawa nayasema kwa kila mtu, hata asiyeuliza.

Ijumaa ninayoizungumzia iliingia Corolla nyeupe ya ajenti mmoja wa bandarini, mtu mwenye haraka, shati limepigwa pasi, funguo zikizunguka kidoleni. Breki za mbele zilikuwa zinalia. Mzee Nangoma akampa Shaibu kazi ile, nami nikapewa pedi kuukuu niende kwa Mzee Nassor. Zilikuwa zimeisha kabisa, upande mmoja chuma kilikwishaanza kugusa diski. Nilichagua kwa muda mrefu kuliko ilivyohitajika. Niliporudi Shaibu alikuwa ameinua gari mbele na kutoa matairi yote mawili. Akaanza na upande wa kulia. Akafungua kile kiskurubu kidogo cha kutolea upepo kwenye mafuta ya breki, akairudisha ndani pole pole pistoni inayosukuma pedi, akakikaza kiskurubu, akafuta, akaweka pedi zangu. Zilikaa kama zimezaliwa pale. Adhana ikaanza. Mzee Nangoma alikuwa amekwisha tangulia msikitini.

Shaibu alinyanyuka akatazama upande wa kushoto uliobaki wazi, halafu akamtazama mwenye gari, aliyekuwa akitazama saa yake.

“Bosi, nikitoka kuswali namalizia,” alisema. “Nusu saa.”

“Mimi kontena langu halingoji,” alisema yule bwana. “Huyu mwenzako hawezi?”

“Naweza,” nilisema kabla Shaibu hajajibu.

Shaibu alisita. Najua alikuwa anaikumbuka sheria ya mzee. Kisha akachukua kanzu yake iliyotundikwa kwenye msumari. “Fanya taratibu, Deo,” alisema. “Ukishusha, pampu mpaka ikaze.”

Kwa asiyejua nitaeleza, kwa maana kila kitu kinategemea hapa. Ukiweka pedi mpya lazima uisukume pistoni irudi ndani, kwa sababu pedi mpya ni nene. Ikisharudi, inabaki nafasi kati ya pistoni na pedi. Mtu akikanyaga breki mara ya kwanza, pedali inazama hadi chini na hakuna kinachoshika. Mara ya pili inashika kidogo, ya tatu au ya nne inakaza kabisa, na baada ya hapo ni salama. Kwa hiyo fundi, kabla hajakabidhi funguo, anaingia ndani na kukanyaga pedali mara kadhaa; huko ndiko kupampu. Ni kazi ya nusu dakika. Mtoto anaweza kuifanya.

Nilifunga upande wa kushoto vizuri. Nilipokuwa narudisha tairi la kulia nilipitisha kidole kwenye kile kiskurubu alichokifungua Shaibu, kwa mazoea tu, nikakuta kimekaza na ni kikavu, hakivuji mafuta. Nikashusha gari. Yule bwana akaja karibu, na kwa bahati mbaya akaniuliza swali: hizi pedi ulizoniwekea ni nzuri kweli? Nikaokota ile kuukuu nikaanza. Nilimwonyesha ilivyoliwa. Nilimweleza habari ya ngumu na laini, ya kibati kinacholia, ya harufu ya gundi. Nilitumia maneno ya Mzee Nassor kama yangu. Bandani kwa Mama Mwanaidi watu wawili waligeuka kusikiliza, nikapandisha sauti. “Fundi unajua kazi yako,” alisema yule bwana, akachukua funguo, akaingia, akawasha. Nami nikasimama pale na pedi kuukuu mkononi, nikijisikia mtu mkubwa.

Gari lilishuka taratibu tu. Hilo ndilo watu hawakuliamini baadaye, kwamba lilikuwa taratibu. Mdomoni mwa gereji alitakiwa kusimama apishe mkokoteni. Niliona kichwa chake kikiinama ghafla kutazama miguuni. Akakata usukani kuukwepa mkokoteni, na gari likaingia bandani. Liling’oa nguzo ya kwanza, likasukuma benchi, na benchi likambana Mama Mwanaidi kwenye ukuta wa gereji. Sufuria likapinduka. Ndipo breki ziliposhika, maana yule bwana alikuwa anakanyaga, anakanyaga, anakanyaga. Nilikuwa nimekwisha elewa kabla gari halijasimama. Mguu wa kulia wa Mama Mwanaidi ulivunjika chini ya goti, na maharage yakamuunguza paja na mkono. Nilimbeba mimi. Nilimwingiza kwenye teksi, nikaenda naye hospitali nikiwa nimemshika kichwa, naye hakulia. Aliuliza tu, “Mwanaidi ameshatoka shule?” Aliuliza hivyo njia nzima.

Niliporudi, askari wa usalama barabarani walikuwa wamekwisha ondoka na gari na mwenyewe, na hatukuliona tena. Kama lingebaki, Mzee Nangoma angelifungua na kuona kila kitu kilivyokazwa. Alikuwa amesimama katikati ya uwanja, bado amevaa kanzu, na Shaibu pembeni yake naye amevaa kanzu, na mafundi wengine wamewazunguka. Mzee alinigeukia.

“Wewe ndiye ulishusha?”

“Ndiyo, mzee.”

“Uliipampu?”

Nimeshawasikia watu wakisema kwamba walidanganya bila kufikiri. Mimi nilifikiri. Nilifikiri chumba, nilifikiri Mbinga, nilifikiri watu wawili walionisikia nikihubiri habari za pedi. Nikasema, “Niliipampu mara tano, mzee. Ilikaza.”

Akavuta pumzi. “Basi ni upepo. Kuna mahali upepo uliingia kwenye mafuta, pedali ikazama. Nani alifungua upande wa kulia?”

“Mimi,” alisema Shaibu.

“Ulikikaza kiskurubu?”

Shaibu aliutazama mkono wake. Nilimwona akitafuta kichwani, akirudi nyuma hadi kwenye mkono wake na spana, wakati adhana inaita na mteja anatazama saa. Nani anaweza kuapa juu ya skurubu moja aliyoikaza kwa haraka? Mtu mwongo angeweza. “Nadhani nilikikaza, mzee,” alisema.

“Unadhani,” alisema Mzee Nangoma. Hakupandisha sauti. “Ukaacha breki zikiwa wazi, ukaondoka. Vua hiyo kanzu, kusanya vitu vyako.”

Sikuenda chumbani moja kwa moja. Nilizunguka Kariakoo hadi maduka yalipoanza kufungwa, nikapita mitaa ileile mara mbili, natunga namna ya kumwambia. Nilipofika alikuwa ameketi kitandani na mkoba umefungwa. Alikuwa amepika. Sahani yangu ilikuwa imefunikwa kwa sahani nyingine. Upande wa pili wa mbao yule mama wa makoti alikuwa akimsimulia dada yake ajali ya Gerezani, kwamba fundi mmoja wa kimachinga, mtu wa kusini, aliacha breki akaenda zake, na mwanamke wa watu ataingia kaburini. Tulikaa tukimsikiliza sote wawili. Alipomaliza, Shaibu aliniuliza kwa sauti ya chini, “Deo. Ulipampu kweli?”

“Nilipampu, kaka.”

“Ilikaza?”

“Ilikaza.”

Alitikisa kichwa mara nyingi. “Basi ni mimi,” alisema. “Kula, chakula kinapoa.” Nikala. Hili ndilo ambalo hata padri nilishindwa kumwambia: kwamba nilikula, na nilikuwa na njaa.

Kesho yake alikwenda hospitali kabla ya kupanda basi. Nilimkuta mlangoni mwa wodi akiwa ameshika kofia. Mama Mwanaidi alipoelezwa ni nani, aligeuzia uso ukutani. “Asiingie,” alisema. Mimi nikaingia. Nilimletea uji kila siku kwa wiki tano, nikampeleka Mwanaidi shule asubuhi, nikalijenga banda upya kwa mbao nilizookota bandarini. Watu waliniona wakasema kijana yule ana moyo. Mama Mwanaidi alianza kuniita mwanangu. Alirudi bandani kwa magongo, na akachechemea maisha yake yote. Mzee Nangoma akanikabidhi kazi zote za breki, na alipozeeka akaniachia wateja wake. Kila kitu nilicho nacho kimetoka hapo. Nilijiambia kwamba ninalipa kwa vitendo, kwamba maneno hayataunga mfupa. Lakini ukweli ni kwamba kila bakuli la uji nililolipeleka lilizidi kunifunga mdomo, maana lilinipa jambo jingine la kupoteza.

Baada ya maziko tulirudi nyumbani kwa Mwanaidi. Wanaume walitandikiwa uani, chai ikaletwa. Shaibu alikaa peke yake karibu na karo, mfuko wake wa korosho bado umefungwa, maana hakuna aliyeupokea. Nikainuka nikaenda kukaa naye. Alinikaribisha kwa furaha, akaniuliza watoto, akaniuliza gereji. Nikamuuliza yeye anafanyia wapi ufundi.

“Niliacha,” alisema. “Nilipofika nyumbani mtu aliniletea gari nimwangalizie breki. Mikono ikagoma, Deo. Nikaweka spana chini. Nina mikorosho yangu, inanitosha.” Alinywa chai kidogo. “Ila ile skurubu inanijia. Nikilala naona nimeikaza. Nikigeuka upande wa pili naona sijaikaza. Miaka yote hii.”

Nilikuwa nimetegemea kwamba alijua. Katika miaka yote ile nilimwazia akiwa huko kusini ananichukia, na kwa namna fulani chuki ile ilinipa nafuu, kama kwamba adhabu yangu ilikuwa inaendelea mahali fulani. Kumbe hakunichukia. Aliniamini.

“Uliikaza,” nilisema.

“Umejuaje?”

“Niliigusa kwa kidole nilipokuwa narudisha tairi. Ilikuwa imekaza, kavu. Na pedali sikuipampu, Shaibu. Nilikuwa naongea na yule bwana, nikasahau.”

Aliweka kikombe chini taratibu. “Hata mara moja?”

“Hata mara moja.”

Alitazama mkono wake wa kulia, akaufumba, akaufumbua. “Kwa hiyo niliikaza,” alisema, na hakuwa ananiambia mimi. Machozi yalimtoka bila uso wake kubadilika. Nilianza kusema kwamba naomba radhi, nikasikia sinia likiwekwa sakafuni. Mwanaidi alikuwa nyuma yetu. Sijui alisimama pale tangu lini, lakini alikuwa amesikia kilichotosha.

“Kaka Deo,” alisema, “mama alikuwa anakuombea dua kila akimaliza kuswali. Kila swala. Mimi nilikuwa naitikia amina.”

Akainama, akachukua ule mfuko wa korosho, akaukumbatia kifuani. “Kaka Shaibu,” alisema, “umekula?” Akasema hajala. “Njoo ndani ule.” Wakaingia, nami nikabaki karibu na karo hadi nilipoona aibu kuendelea kukaa. Nikatafuta viatu vyangu nikaondoka. Wale wajomba waliniinukia tena mlangoni, wakanishika mkono kwa mikono miwili.

Juzi Mwanaidi alinitumia ujumbe, wa kwanza tangu siku ile. Hakuanza na salamu. Aliandika kwamba arobaini ya mama imepangwa, kwamba Shaibu anakuja kutoka Newala, na kwamba wazee wa ukoo wote watakuwepo. “Sijawaambia kitu,” aliandika. “Utawaambia wewe kwa mdomo wako, mbele yake.” Nimemjibu kwamba nitakuja. Zimebaki siku kumi na moja.